Ufunguo unaobaki steshenari

Na Zuhura Mkwizu
Safu ya kila Jumatano

Wiki iliyopita niliingia steshenari moja hapa Dar es Salaam kuprinti barua ya kurasa 2. Ilikuwa kwenye simu, ndani ya WhatsApp, kama zilivyo karatasi za wengi wetu siku hizi. Kijana wa dukani alinipa shikamoo, akageuza skrini ya kompyuta upande wangu na kusema, "Skani hapo mama, ikifunguka nakutolea sasa hivi." Nilipotazama sikuona msimbo wowote wa kuskani. WhatsApp ilikuwa imeshafunguka, na akaunti ilikuwa ya mtu mwingine.

Sikukusudia kusoma, lakini macho hayana pazia. Juu kabisa palikuwa na kundi la familia inayochangia matibabu ya mama yao, kila aliyetoa na jina lake na kiasi chake. Chini yake, picha ya kitambulisho cha NIDA, mbele na nyuma. Nikiwa bado nimesimama pale ukaingia ujumbe mpya: "Dada, ameshatoka thieta, anakuulizia." (Maneno nimeyabadili kidogo, kwa sababu si yangu.) Dada mwenyewe alikuwa ameshaondoka na fotokopi zake. Habari ya mama yake ilitufikia sisi watatu, mimi, kijana wa dukani na mwanafunzi aliyekuja kulaminisha cheti, huenda kabla haijamfikia yeye.

Nilimwomba kijana aiondoe akaunti ile. Hakubisha, aliiondoa. Kisha akasema, "Wanasahau kutoka, mama. Kila siku."

Hiyo "kila siku" ndiyo iliyonifanya niandike.

Tumezoea kwamba kuskani ni kusoma. Ukiskani msimbo wa Lipa Namba dukani, simu inasoma namba ya mfanyabiashara, unahakikisha jina lake, unaweka namba ya siri. Bila namba ya siri hakuna shilingi inayotoka. Msimbo wa WhatsApp kwenye kompyuta ni habari nyingine kabisa. Vile vimraba vimebeba utambulisho wa kompyuta yenyewe. Kompyuta inajitambulisha kwa simu yako na kuomba ipokewe, na wewe, kwa kuelekeza kamera, ndiye unayeipokea. Ndiyo maana simu nyingi hudai alama ya kidole kwanza. Dole lile ni saini. Wazee wetu waliouza na kununua mashamba kwa dole gumba walimwita kwanza mjukuu aliyesoma, awasomee karatasi yote mpaka mwisho. Sisi tunaliweka huku tunaongea na mtu wa pembeni.

Msimbo wenyewe, huu wa QR, haukuzaliwa kwa kazi hii. Masahiro Hara na wenzake katika kampuni ya Denso, Japani, waliubuni mwaka 1994 ili kufuatilia vipuri vya magari viwandani. Ile miraba mitatu mikubwa kwenye pembe huijulisha kamera msimbo ulipo na ulivyokaa, na hata ukichafuka au kuchanika kidogo bado husomeka. Ulitengenezwa usomwe haraka na yeyote mwenye kamera. Kwa kipuri hilo halina tatizo, kipuri hakina siri.

WhatsApp ilileta toleo la kompyuta Januari 2015. Wakati huo kompyuta ilitegemea simu: ukizima simu au ukikata data, kompyuta nayo ilinyamaza. Wengi wetu bado tunaishi na kumbukumbu hiyo, tukidhani tukishaondoka dukani na simu zetu mambo yamekwisha. Hayajaisha. Tangu mabadiliko yaliyoanza mwaka 2021, akaunti moja inaweza kuunganishwa na vifaa 4 zaidi ya simu, na kila kimoja kinajitegemea. Zima data uokoe bando, kompyuta ya steshenari itaendelea kupokea ujumbe wako. Vifaa hivyo hujiondoa vyenyewe simu yako isipotumika kwa zaidi ya siku 14. Nani kati yetu anakaa siku 14 bila kufungua WhatsApp?

Wapo watakaoniambia kwamba ujumbe wa WhatsApp umefumbwa tangu unapotoka hadi unapofika. Ni kweli, na umekuwa hivyo kwa watumiaji wote tangu 2016. Lakini kompyuta uliyoiunganisha nayo ni mahali pa kufikia. Ujumbe unafumbuliwa pale pale, mbele ya yeyote aliyekalia kiti.

Na anayekalia kiti haishii kusoma tu. Anaweza kuandika. Hapa ndipo ninapoogopa zaidi. Watanzania tumeumizwa vya kutosha na "ile pesa tuma kwenye namba hii", na kwa uchungu tumejifunza kuitambua: namba ngeni, salamu hakuna, haraka nyingi. Tumejifunza hata kuzipeleka namba za matapeli 15040. Sasa fikiria kundi lile la familia. Mama yuko wodini, michango inaingia, na unatoka ujumbe kwa namba ya dada yao mkubwa, wenye picha yake, chini ya mazungumzo yake mwenyewe ya asubuhi: "Mchango wa mama tumeni kwenye namba hii, ile nyingine ina shida." Nani atauliza? Mimi nisingeuliza. Ningetuma.

Wajuzi wa uhalifu huu wala hawasubiri usahau kutoka. Februari 2025 watafiti wa Google walieleza jinsi wadukuzi wenye mafungamano na Urusi walivyotumia misimbo ya QR ya udanganyifu, mingine ikijifanya mwaliko wa kundi, ili akaunti za Signal, programu ya ujumbe kama WhatsApp, za watu waliowalenga, wakiwemo wanajeshi wa Ukraine, ziunganishwe na vifaa vya wadukuzi hao. Mtu anaskani akidhani anajiunga na kundi, kumbe amekaribisha adui kwenye mazungumzo yake. Askari walio vitani wananaswa hivyo. Seuze mtu aliyebakiza dakika 10 apeleke barua ya mkopo.

Sheria zipo. Ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inakataza kuingia kwenye mfumo wa mtu bila ruhusa, na ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 ina Tume yake. Lakini sheria hufika baada ya pesa kuondoka, na picha ya kitambulisho ikishanakiliwa hairudi.

Kwa hiyo naliweka wazi: steshenari isimtake mteja askani. Kijana wa dukani alinieleza sababu zake nami namwelewa. Wateja hawakumbuki nywila ya barua pepe, flashi imejaa virusi, na simu ya bosi ikipokea mafaili ya mtaa mzima inajaa kabla ya saa sita. Zote ni shida za kweli. Ila dawa zipo na si ghali: waya wa USB mezani, au simu ya kazi yenye namba iliyobandikwa ukutani, mteja atume faili moja tu na lifutwe mbele yake likishaprintiwa. Akitumia njia hii, faili likivuja limevuja hilo moja. Akiskani, ameacha nyumba nzima. Hata hapa ofisini kwetu nimeomba kompyuta tunayochangia iwekewe utaratibu huo.

Kwa upande wetu wateja, tayari tunabonyeza *106# kuangalia laini zilizosajiliwa kwa majina yetu. Kukagua vifaa vilivyounganishwa na WhatsApp nako kuwe mazoea ya aina hiyo. Fungua WhatsApp. Kwenye Android gusa vidoti vitatu juu kulia. Kwenye iPhone nenda kwenye mipangilio. Tafuta vifaa vilivyounganishwa. Utaona orodha, kila kifaa na mara ya mwisho kilipotumika. Usichokitambua, kiguse ukiondoe hapo hapo. Kisha mfanyie hivyo mama, mfanyie na shangazi, mkiwa mmekaa pamoja, naye akiona unachokigusa.

Na wewe dada ambaye mama yako alitoka thieta siku ile, kwenye kompyuta ile umeshaondolewa. Kama uliskani na kwingine, bado uko wazi. Angalia leo.