Hizi herufi za brashi zitatumaliza!

Nilipotea kidogo, mazoezi ya kufundisha hayana huruma. Leo nina moja tu linaniwasha, acha nilitoe.

Hivi nani alituambia kwamba tangazo halinogi mpaka liandikwe kwa zile herufi za kulala, zenye mikia, zinazojifanya zimechorwa kwa brashi? Zunguka kampasi nzima: mahafali, Brush Script. Kikao cha chama, Brush Script. Hata kibao cha "usitupe taka hapa" kina madoido kama kadi ya harusi. Jamani!

Nisieleweke vibaya, herufi zenyewe hazina kosa. Brush Script ilichorwa na Robert E. Smith mwaka 1942 kwa ajili ya kampuni ya American Type Founders, Marekani. Mistral ilitoka Ufaransa mwaka 1953, Roger Excoffon akiitoa kwenye mwandiko wake mwenyewe. Hizi ni herufi za maneno mawili matatu, makubwa, msomaji anayadaka huku anapita. Si za ratiba nzima ya mitihani!

Kibaya zaidi ni kuandika kwa herufi kubwa tupu. Herufi kubwa ya aina hii kazi yake ni kuanza neno, halafu ndogo zinafuata zikishikana. Ukipanga kubwa tupu, kila moja inarusha mkia wake kivyake. Muhula uliopita tangazo la kubadilisha ukumbi wa jaribio liliandikwa hivyo, tena fotokopi ya fotokopi. Watu wamesimama ubaoni wanabishana ni C au G, kumbe wenzao wameshaanza kujibu maswali. Mwenzetu mwenye uoni hafifu ndiyo kabisa, ikabidi asomewe. Urembo gani huo?

Ila kinachonitisha hasa kinatuhusu sisi walimu watarajiwa. Nimeona chati za silabi za darasa la kwanza zimechapwa kwa herufi hizi. Mtoto ndiyo kwanza anaijua "a", wewe unamletea "a" iliyolala na kumng'ang'ania jirani yake! Akikwama tunaandika "hajui kusoma". Nani hajui hapo, yeye au aliyechapa chati?

Najua mtasema zinaleta ladha ya zamani. Zamani ya nani? Ya matangazo ya Marekani ya miaka ya 1940? Brashi yetu ipo, iko mikononi mwa mafundi wanaoandika kuta za maduka na bodi za malori. Mtazame fundi: "a" ya kwanza na ya pili hazifanani, maana ni mkono. Brush Script inarudia ileile kila mahali. Unataka brashi? Mpe fundi hela yake.

Na kama hoja ni urembo, tazama kanga. Maua yamo, rangi zimo, pindo limo. Lakini jina lake limeandikwa kwa herufi kubwa zilizonyooka, kwa sababu anayerushiwa kijembe lazima akisome, tena akiwa mbali!

Kwa hiyo kadi ya harusi na jina la bendi, ruksa. Lakini saa, mahali, na chochote atakachosoma mtoto, nyoosheni herufi.

Nawakilisha. Anayebisha aje na hoja, ila asiiandike kwa Brush Script.