Kasarani ni moja, macho ni tofauti

Ndugu yangu, dada yangu, ukisikia jina Kasarani unaona nini? Wengi wataona mpira, Harambee Stars na mbio. Lakini kuna Mkenya mwenzako akisikia jina hilo hilo anaona mahali baba yake alipofungiwa.

Aprili 2014 serikali ilianzisha msako wa Usalama Watch. Maelfu ya watu walikamatwa, wengi wao Wasomali wa Eastleigh: wakimbizi, na pia Wakenya wenye kitambulisho mfukoni. Wengi walizuiliwa kwenye uwanja huo. Jirani aliyetazama habari kwenye TV aliona usalama umerudi. Aliyegongewa mlango usiku aliona mzee wake akisukumwa ndani ya lori.

Sasa tuelewane. Yule jirani si lazima awe mtu mbaya. Mabomu yalikuwa yamelipuka, watu walikuwa wamekufa, na yeye aliogopa. Hata sisi tuliogopa. Lakini wasitufunge mdomo na maneno ya "kila mtu ana mtazamo wake." Kifungu cha 49 cha Katiba kinasema aliyekamatwa afikishwe kortini ndani ya saa 24. Kifungu cha 27 kinakataza ubaguzi wa kabila na wa dini. Kuhesabu saa hakuhitaji mtazamo wa mtu. Ama zimepita, ama hazijapita.

Na wewe pia ujiulize. Kijana akipigwa risasi na polisi Mathare ama Kayole, si ni wewe unaandika "huyo alikuwa mwizi tu"? Kesi yake ilisikizwa korti gani? Unamtazama kwa jicho lile lile ulilotazamwa nalo wewe, halafu unashangaa mbona hawakutetei. Dini yetu imetukataza dhana mbaya, na haikusema ni kwa Waislamu pekee.

Kwa hivyo wacha kulia tu kwamba hawatuoni. Mtu akikamatwa mtaani kwako, awe Ahmed ama awe Otieno, andika saa, namba ya gari na kituo alichopelekwa. Fuata hadi kituoni, uliza namba ya OB, mtafutie wakili. Jirani anaweza kubishana na machozi yako mwaka mzima. Atapata taabu kubishana na tarehe, saa na namba ya OB.