Manusura Hana Deni la Ushuhuda

Waandaaji wengi wa kampeni dhidi ya dhuluma za kijinsia hushikilia kwamba manusura asiposimama hadharani kusimulia yaliyompata, umma haushtuki wala serikali haijigusi. Basi kila Siku 16 za Uharakati zinapowadia, Novemba 25 hadi Desemba 10, hutafutwa msichana wa kukabidhiwa kipaza sauti. Imani hiyo ni potofu, na ithibati iko Meru, nchini Kenya.

Mji huu una uwanja wa Kinoru, ulioandaa sherehe za Madaraka mwaka 2018. Lakini hatua kubwa zaidi ya kuwalinda watoto wa Meru haikupigwa uwanjani. Ilipigwa Mahakama Kuu, kwa Ombi nambari 8 la 2012, lililowasilishwa na wasichana 11 walionajisiwa pamoja na shirika la Ripples International. Majina ya watoto hayakutangazwa. Kesi yenyewe inajulikana kwa herufi mbili, C.K. Mateso yao yaliandikwa katika hati za kiapo, na swali likaelekezwa kwa polisi: taarifa ilipofika kituoni, mlifanya nini? Mei 27, 2013, Jaji J. A. Makau aliamua kwamba polisi walikiuka haki za watoto hao kwa kutochunguza malalamiko yao upesi na ipasavyo, na kwamba uzembe huo uliwapa wanajisi ujasiri wa kutoogopa sheria. Akaamuru uchunguzi ufanywe.

Jukwaa halina amri ya namna hiyo. Umati hulia, hupiga picha, kisha hutawanyika. Msichana hurudi kijijini ambako mnajisi wake huenda ni jirani au mjomba, na sasa soko zima linajua. Kumtwika mtoto mzigo huo kwa jina la uhamasishaji ni kumdhulumu tena. Mtu mzima akiamua mwenyewe kusema, ni haki yake, mradi hajasukumwa na nauli wala posho.

Kinachookoa hakihitaji machozi ya mtu. Mama wa Kinoru ajue kwamba dawa za kuzuia virusi vya UKIMWI sharti zianzwe ndani ya saa 72 baada ya unajisi. Kwamba nguo za mtoto hazifuliwi wala mtoto haogeshwi kabla ya daktari kumpima. Kwamba asiondoke kituoni bila nambari ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha polisi, na fomu ya P3, ile ya polisi ya uchunguzi wa daktari, ijazwe. Naye mkuu wa kituo, badala ya kualikwa kutoa hotuba, aulizwe mbele ya wananchi mafaili mangapi ya unajisi yamefika kortini mwaka huo, na mangapi yangali kabatini.