Wazee Wetu Wapigwe Filamu



Baadhi ya vijana wetu hapa Uingereza wameomba ruhusa ya kuwapiga filamu wazee wakieleza maisha yao ya Unguja na Pemba, na safari zilizowaleta huku. Wako jamaa waliokataa. Wanasema mambo ya ndani hayaanikwi nje, na kuyataja ya 1964 ni kutonesha donda. Hofu yao naiheshimu, lakini kwa maoni yangu vijana waruhusiwe.

Kwanza, tusidhani kuwa tukinyamaza hatutaonekana. Tumo katika filamu tangu 1966. Mwaka huo Wataliana wawili, Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, walitoa filamu iitwayo Africa Addio. Ndani yake mna picha za Unguja za Januari 1964 zilizopigwa kutoka angani: misururu ya watu, na maiti. Aliye angani hamuulizi jina aliye chini. Hajui yupi alikuwa fundi kofia, yupi muuza samaki, yupi mama wa nani. Tusiposema sisi, picha hizo ndizo zitakazotusemea.

Linganisheni na filamu ya As Old As My Tongue ya 2006. Mtengenezaji wake, Andy Jones, naye si Mzanzibari, lakini alimfuata Bi Kidude alipo, akamwacha aseme mwenyewe. Tunamwona nyumbani na katika safari zake za kuimba. Alipofariki Aprili 2013, uso wake na sauti yake vilikuwa vimekwisha hifadhiwa.

Lakini Bi Kidude alikuwa mashuhuri. Nani atamtafuta bibi aliyeshona nguo za watu usiku kucha ili alee watoto katika nchi ya baridi? Hatatoka mtu mbali kuja kumuuliza. Watakaomuuliza ni wajukuu zake.

Hata hivyo, ruhusa hiyo iwe na masharti. Kwanza, mzee aulizwe, na akisema, "Hili liacheni," liachwe bila ya kubembelezwa. Pili, asitajwe kwa ubaya jirani asiyekuwapo kujibu. Nadhani sharti hili litawatuliza wengi wanaoogopa fitina. Tatu, filamu ikimalizika mzee na watu wa nyumbani kwake waione kabla ya mtu mwingine yeyote, na nakala ibaki kwao. Isiachwe katika simu ya kijana mmoja tu, kwani simu hupotea na kuharibika.

Ndugu zangu, waliokuwa watu wazima mwaka 1964 sasa wamepindukia miaka themanini. Ukurasa wa marehemu katika kitabu chetu hiki haukosi majina mwaka hata mwaka. Basi naomba kila nyumba ikae, ishauriane na wazee wake, na iamue kabla ya Ramadhani ijayo nani yuko tayari kuanza.

Wabillahi tawfiq.