Magari ya Ng'ombe Hayakuvuka Kilombero

Mwezi uliopita rafiki yangu mmoja alinipa mswada wa riwaya yake nimwandikie dibaji. Hadithi inatokea kwetu, bonde la Kilombero, karne ya 19. Nikaufungua kwa hamu. Ukurasa wa tatu, Mzungu anaingia bondeni amekaa juu ya gari linalokokotwa na ng'ombe 12, turubai jeupe juu, mjeledi unalia. Nikaufunga. Dibaji sijaandika, na urafiki unayumba. Basi acha niseme hadharani nilichomwambia kwenye simu.

Gari hilo ni la Makaburu wa Afrika Kusini, na la filamu za Marekani. Huku kwetu lilikuwa na adui mwenye mabawa: ndorobo. Mwaka 1876 mmisionari Roger Price, aliyezoea magari ya ng'ombe huko kusini, aliijaribu njia ya Saadani hadi Mpwapwa akarudi na matumaini. Mwaka uliofuata wakaja na magari yenyewe. Ng'ombe wakafa njiani, mizigo ikaishia mabegani mwa watu.

Na bonde letu je? Joseph Thomson alipita upande huu mwaka 1879, kijana wa miaka 21, baada ya kiongozi wake Keith Johnston kufia Behobeho. Alikuja kwa miguu na wapagazi zaidi ya mia moja. Mnyapara wao alikuwa James Chuma, yule yule aliyekuwa kati ya walioubeba mwili wa Livingstone hadi Bagamoyo. Hivi hapo nani alimpeleka nani?

"Ah, riwaya si historia," rafiki yangu akajibu. Sawa kabisa. Weka hata gari linaloruka, mradi unajua unachofanya. Ila ukimpandisha Mzungu garini, umefuta watu mia kwa kalamu moja. Hakuna tena anayebeba frasila mbili tangu alfajiri, anayeugua, anayetoroka usiku, anayegombania posho. Unabaki na msafiri mmoja na mandhari. Ndivyo wao walivyopenda kujiandika, na sisi tunanakili.

Kinachoniuma zaidi, Kiswahili chenyewe hakijasahau. Mtumba, kabla ya kuwa nguo za kuchambua sokoni, ulikuwa mzigo wa mpagazi. Hongo ilikuwa ada ambayo msafara ulimlipa mtawala ili upite kwake. Posho ilikuwa chakula cha njiani. Tunaongea lugha ya msafara kila siku, halafu tukikaa kuandika tunaazima gari la Kaburu. Jamani!

Wapo watakaosema hatuna maandishi. Tunayo. Mwaka 1901 Carl Velten alichapisha *Safari za Wasuaheli*, na humo Selemani bin Mwenye Chande anasimulia kwa Kiswahili safari yake ya bara. Tippu Tip naye alituachia habari za maisha yake. Nakubali, hawa walikuwa wenye mali, si wabeba mali. Mpagazi hakuachiwa kalamu. Lakini hapo ndipo kazi ya mwandishi wa riwaya inapoanza! Mwanahistoria akikosa karatasi hunyamaza. Wewe unaruhusiwa kuendelea.

Kwa hiyo, ndugu yangu, ushauri wangu ni ule ule wa kwenye simu. Panda basi mpaka Ifakara wakati wa masika. Nenda ukasimame pale darajani, utazame maji yalivyotanda bondeni. Kisha ujitwike kilo 30 za mchele begani, utembee tangu asubuhi hadi jua lipande utosini, uone mwili unakwambia nini. Ukirudi, futa ukurasa wa tatu, uanze na huyo mtu mwenye mzigo.

Dibaji nitakuandikia siku hiyo hiyo.