Mshiko Kwanza, Sura Baadaye

Vijana wanaotengeneza gemu hapa Kigali wana ugonjwa mmoja: wanajenga paa kabla ya msingi. Wakipita kwenye kibanda changu cha ufundi hapa Rebero kubadilisha kioo cha simu, hunifungulia laptopu wanionyeshe kazi zao. Utaona jiji la maghorofa, lami iliyolowa mvua inayong'aa kwa taa, na jamaa mmoja kasimama katikati, nywele zinapeperuka. Nikiuliza huyu anafanya nini, naambiwa, "Bado mzee, kwanza tunamalizia sura." Miezi inapita, nywele zinazidi kupendeza, na jamaa hata ngumi hajajifunza kurusha.

Ushauri wangu kwao ni kwamba waanze na mieleka. Tena ile ya zamani kabisa, Pro Wrestling ya Nintendo, iliyotoka Japani mwaka 1986 na kufika Marekani mwaka 1987.

Nimeikumbuka kwa sababu ya kazi. Mama mmoja, mteja wangu, aliniletea mashine ya gemu ya Kichina, zile zilizoiga Nintendo na kuchezwa sana mitaani kwetu kabla ya PlayStation. Ilikuwa haiwaki. Ukiifungua huoni chipu za kueleweka. Kuna tone la gundi nyeusi lililokauka juu ya bodi, ubongo wote umefukiwa humo. Pembeni kuna kidude cha miguu mitatu, 7805, kinachoshusha umeme wa adapta hadi volti 5. Hicho ndicho kilichoungua, na bei yake inachekesha. Nikalehemu kingine, nikachomeka waya wa manjano kwenye TV, nikaipuliza kaseti. (Kupuliza hakusaidii, unyevu wa pumzi unaharibu miguu ya shaba. Lakini mwambie nani?) Kaseti inajigamba kuwa na michezo 9999, ukishuka kwenye orodha, majina yanarudi yale yale. Humo ndani, ile mieleka ilikuwemo.

Sasa tazama kilichotengenezwa, na kwa vifaa gani. Nintendo yenyewe iliyoigwa, ya mwaka 1983, ina prosesa isiyofika megahezi 2 na kumbukumbu ya kazi ya kilobaiti 2. Makala hii unayoisoma isingeenea humo. Zaidi ya hapo, kila kitu kinachotembea kwenye skrini hujengwa kwa vipande vyenye upana wa nukta 8, na mstari mmoja wa picha haubebi zaidi ya vipande 8. Vikizidi, vingine vinapotea au vinaanza kumetameta. Mieleka ndiyo balaa, maana ni watu wawili wanene waliokumbatiana kwenye mstari ule ule, tena na refa pembeni yao.

Aliyeandika programu hiyo ni Masato Masuda, kijana wa Kijapani ambaye baadaye alianzisha mfululizo wa Fire Pro Wrestling mwaka 1989, nao umeishi kwa miongo. Refa alimweka, tena ndani ya ulingo, anayekimbia kuja kuhesabu mtu akikandamizwa chini. Nje ya kamba akaweka mpiga kamera. Ukitupwa nje, unahesabiwa hadi 20. Wapiganaji wa kuchagua ni sita tu, ila kila mmoja ana lake: Starman wa Meksiko anaruka na kupiga kwa mikono iliyopishana, Fighter Hayabusa wa Japani anatandika teke la kisogoni, Giant Panther anakamata fuvu kwa kiganja, na The Amazon, yule wa kijani, anang'ata. Ukishawamaliza na kutetea mkanda wako, anakungoja Great Puma, na hapo ndipo wengi wetu tulipoiachia pedi.

Lakini utamu wote uko kwenye mshiko. Mnakaribiana, mnashikana, na hapo kuna nusu pumzi ambamo mwelekeo unaobonyeza na kitufe unachochagua vinaamua kama utambeba mwenzako na kumpiga mweleka au yeye ndiye atakayekubeba. Ukiwa umechoka, mshiko wako haushiki. Jirani yangu wa utotoni alinipiga ngwala ya gemu mara nyingi sana kwa sababu alijua kungoja. Hakuwa na kasi, alikuwa na subira, nami nilikuwa nabonyeza kama anayetwanga kisamvu. Kwa vitufe viwili tu, mchezo ule ulijua tofauti kati yetu.

Linganisha na WWF WrestleMania, iliyotoka kwa mashine hiyo hiyo mwaka 1989. Majina makubwa ya televisheni yalikuwemo: Hulk Hogan, André the Giant, Randy Savage. Walilipiwa, wakachorwa, wakawekewa na muziki. Ukianza kucheza unakuta ngumi, mateke, kubebana kidogo, na vialama vinavyopita ulingoni uviokote ili upate nguvu. Sisi watoto tuliimaliza hamu yake jioni moja. Starman hakuwahi kuwa mtu wa kweli popote duniani, na bado ndiye tuliyemgombania.

Vijana hunijibu, mzee, mieleka si ni maigizo? Ni maigizo, ndiyo. Na hiyo ndiyo sababu inafaa. Gemu ya mpira inashindana na mpira wenyewe, na kila mwaka lazima uongeze jasho kwenye paji la uso wa mchezaji. Mpiga mieleka tayari ni mhusika: ana jina la kubuni, ana vazi, ana pigo lake moja ambalo umati unalisubiri. Nusu ya kazi ya mbunifu imekwisha fanywa na mpiganaji mwenyewe.

Na wahusika tunao, tena hapa jirani. Huko Mukono, Uganda, tangu mwaka 2023 kuna Soft Ground Wrestling ya Daniel Bumba, wanayemwita Bumbash: wavulana na wasichana wanabwagana kwenye tope, ulingo wa miti ya mianzi, na video zao zimezunguka dunia. Kinshasa wana kachi yao, yaani mieleka, ya miaka mingi, iliyomtoa Edingwe Moto na Ngenge, na yenye wapiganaji wanaosindikizwa mtaani kwa matarumbeta kisha wanarogana mbele ya watu; mmoja anapuliza dawa, mwenzake anaanza kucheza ngoma bila kupenda. Hebu niambie, ni gemu gani ya Marekani yenye pigo la namna hiyo? Sisi Rwanda tuna gukirana, mieleka ya watoto machungani, isiyohitaji vazi wala kamba. Weka refa mwenye hila, tope linalopunguza kasi kila unapoanguka, kitufe kimoja cha kushika na kimoja cha dawa. Hata simu ya bei ya chini kabisa niliyo nayo mezani ingeiendesha bila kupata joto.

Wapo watakaosema hakuna atakayenunua. Huenda. Ila hakuna aliyenunua lile jiji la mvua pia, kwa sababu halijaisha. Gemu ya wapiganaji wawili na mshiko mmoja unaweza kuimaliza, ukampa mtoto wa jirani aichezee mbele yako, ukaona anapokasirika na anapocheka. Hapo sasa ndipo uongeze nywele.

Jambo moja tu nisingependa liigwe kutoka enzi zile. Giant Panther na wenzake walibuniwa wakiwa na harufu ya wapiganaji halisi: kile kiganja cha fuvuni kilikuwa kimeshawapa riziki watu wa ulingoni miaka mingi kabla ya Nintendo, na sidhani kuna aliyeombwa ruhusa. Ukichukua pigo la msichana wa Mukono, jina lake na vazi lake, ukamtia kwenye gemu yako, yule msichana anakudai. Mpigieni, kubalianeni asilimia, muandikishane. Au mwende wenyewe mkamwone anavyoshika: basi la Kampala linaondoka Nyabugogo kila siku, na Mukono iko mbele kidogo tu, njia ya Jinja.