Filamu ya Mapanki Tuioneshe Hapa Hapa

Wanachuo wenzangu, itaje "filamu ya mapanki" ndani ya daladala ya Nyegezi uone. Kila mtu mzima ana la kusema. Uliza sasa nani kaiangalia mwanzo mpaka mwisho. Kimya.

Jina lake ni Darwin's Nightmare. Ilitoka mwaka 2004, imetengenezwa na Hubert Sauper, Mwaustria, na mwaka 2006 ikagombea tuzo ya Oscar. Mwaka huo huo Rais Kikwete akaikemea hadharani, na hapa Mwanza watu wakaandamana kuipinga. Mimi nilikuwa hata chekechea sijaanza.

Ninachotaka ni kwamba ioneshwe hapa chuoni, na sisi wa elimu tukae viti vya mbele. Sauper si mtengenezaji wa filamu tu, amekuwa pia akifundisha filamu Ulaya na Marekani. Yaani kuna vijana huko waliokaa darasani na mtu aliyepatia jina kwenye uwanja wetu wa ndege, na sisi tunaopita hapo kila siku hatujawahi kuijadili kazi yake hata kwa kipindi kimoja. Hilo linaniuma kuliko filamu yenyewe.

Wazo lilimjia mwaka 1997, alipokuwa akifuatilia wakimbizi wa Rwanda waliokwama Kongo, kazi iliyozaa Kisangani Diary. Hapa Mwanza akaona ndege moja imeleta chakula cha msaada, nyingine inaondoka na minofu ya sangara kwenda Ulaya. Wangapi kati yetu tungeziona hizo ndege mbili tukajiuliza swali? Mwalimu wa jiografia anaweza kulifundishia muhula mzima: sangara aliyepandikizwa ziwani enzi za mkoloni, furu waliopotea, viwanda, na nani anakula nini.

Kuhusu mapanki sina ubishi. Mapanki, yale mabaki ya vichwa na mifupa minofu ikishatolewa, bibi yangu alikuwa anayakaanga na tulikuwa tunagombea vichwa. Anayesema ni chakula cha kuku tu hajakaa Mwanza. Lakini kwenye filamu yanaonekana yakiwa na funza, juani, na mwanamke katikati ya harufu ile. Hiyo picha ni ya kweli. Jikoni kwa bibi napo ni kweli, ila hakufika. Kuchagua nini kiingie na nini kibaki nje ndiyo kazi ya mtengeneza filamu, na ni kazi ya mwalimu pia anapoandaa somo.

Sehemu ambayo ningependa tuibishanie kweli kweli ni ya silaha. Sauper anauliza tena na tena, hizi ndege zikija zinaleta nini? Marubani wanakwepa. Mwishowe mmoja anasimulia alivyopeleka zana za kivita Angola, kisha akarudi Ulaya na zabibu za Johannesburg. Inatikisa moyo. Ila sikiliza vizuri: safari anayoisimulia ni ya Angola, si ya Mwanza. Mtazamaji anaunganisha mwenyewe. Mwanahistoria Mfaransa, François Garçon, aliishambulia filamu kwa mambo ya namna hiyo. Sauper akamshitaki kwa kumkashifu, na mwaka 2008 mahakama ya Paris ikampa Sauper ushindi. Kushinda kesi hakumzuii mwanafunzi kuuliza ushahidi unaishia wapi na kudokeza kunaanzia wapi.

Tena mwenyewe amesema kwamba ili apite sehemu nyingine ilibidi ajifanye rubani au mpakia mizigo. Je, ni halali? Sina jibu la haraka, kwa sababu bila hivyo tusingeona kitu. Na hakuishia kwetu: baadaye alienda Sudan Kusini na ndege ndogo aliyojitengenezea, akatoa We Come as Friends mwaka 2014, kisha Epicentro ya Cuba mwaka 2020.

Jamani, mwakani wengi wetu tutakuwa mbele ya madarasa ya watoto wanaoangalia video za simu kutwa. Nani atawafundisha kuangalia?

Ukumbi tunao. Projekta tunayo, ile ile ya mechi za Simba na Yanga. Umoja wetu utenge Ijumaa moja tu, na aalikwe mama mmoja anayekaanga mapanki sokoni, apewe maikrofoni kabla ya wahadhiri.